Muntu ni nani? Maneno yetu kwa vijana wa Kalemie



Tuliombwa tuseme juu ya neno humaniste. Hapa kwetu watu wanalichanganya na majirani zake wawili. Kuna humanite, yale masomo ya sekondari: ukimaliza, ukipata diploma ya serikali, unaona umefika. Kuna humanitere, yule wa jipe nyeupe. Humaniste hana jipe, na hata diploma si lazima. Ni yule anayeshika kwamba mtu ni mtu, basi. Kwa Kiluba wanasema bumuntu, sisi kwa Kiswahili tunasema utu.

Sasa tufike pale panapouma. Munakumbuka 2016 na 2017. Kabalo, Nyunzu, Manono, mpaka hapa: vijiji vilichomwa, watu kwa maelfu wakakimbilia kandokando ya mji huu, wakalala ndani ya vibanda vya majani. Kule Kabalo, mwaka 2016, mzozo uliwaka juu ya kodi ya viwavi ambao Watwa wanaokota porini. Viwavi! Lakini moto ulikuwa umeanza zamani, katika mashamba ambako Mtwa analima siku nzima na malipo ni chakula kidogo ao pombe, na katika ndoa ambayo Mluba anaweza kuoa binti wa Kitwa, lakini kijana wa Kitwa akitaka binti wa Kiluba, ni matata.

Na vita ile tunaiitaje mtaani? "Bantu na Batwa." Musikilize vizuri. Bantu maana yake nini? Watu. Kwa hiyo kila mara tunasema: watu, halafu Batwa. Wataalamu wa lugha wana sababu zao za kutumia jina hilo, hayo ni ya vitabu. Mdomoni mwetu limekuwa mpaka.

Katiba ya 18 Februari 2006, kifungu cha 16, inasema binadamu ni mtakatifu na Serikali inapashwa kumheshimu na kumlinda. Haiulizi kabila. Kuna tena sheria namba 22/030 ya 15 Julai 2022, ya kulinda haki za watu asilia sawa vile Watwa. Ni nzuri. Ila sheria haiwezi kula na mtu sahani moja.

Wengine watasema: Watwa nao waliua. Ndiyo, waliua. Wanamgambo wa Kiluba nao waliua. Kila muuaji aende mbele ya hakimu kwa jina lake, si kwa kabila lake. Hapo humaniste anajulikana, maana kumhurumia asiye na kosa ni kazi rahisi.

Kwa hiyo, katika matangazo yetu tutaandika Waluba na Watwa. Na katika vikao vyetu kijana Mtwa awe na kiti na neno, si kuitwa acheze ngoma tupige picha. Kama unamjua mmoja kwenye avenyu yako, kikao kinachokuja muje naye. Mukae benchi moja.