Kifo cha Mfalme Kijana wa Misri

Natumaini mmekwisha kaa, taa iko karibu na penseli zimechongwa. Maneno haya mnayoyasikia yamechapwa pia katika karatasi mliyo nayo, ili aliyechelewa aweze kuyasoma, na aliyesikia ayasome mara ya pili polepole.

Somo la leo ni la historia ya kale, lakini linaanza na jambo ambalo hapana kijiji kisicholijua. Kijana anaugua Jumatatu, Alhamisi anazikwa. Hata kabla matanga hayajaondolewa, watu wameanza kunong'onezana. Alikula wapi siku ile? Aligombana na nani? Shamba lake litachukuliwa na nani? Mwisho kidole huelekezwa kwa mzee fulani aliyekuwa karibu naye, hasa kama mzee huyo amepata faida. Basi leo nitawaeleza habari za kijana ambaye kifo chake kimenong'onwa namna hiyo hiyo, ingawa alikufa zaidi ya miaka 3,300 iliyopita.

Jina lake ni Tutankhamun. Ni jina refu. Lisomeni kipande kwa kipande: Tu-tan-kha-mun. Alikuwa mfalme wa Misri, mmoja wa wale tunaowaita Mafirauni. Misri mnaijua. Ni nchi ya kaskazini mwa Afrika, nayo huishi kwa maji ya mto Nile, ambayo sehemu yake hutoka huku kwetu, katika ziwa Victoria.

Kijana huyu alitawazwa mwaka 1332 hivi kabla ya kuzaliwa Kristo. Umri wake ulikuwa miaka 8 au 9. Mtazame mtoto wa umri huo nyumbani kwako, ambaye bado hukumbushwa kunawa miguu kabla ya kulala, kisha umwazie kichwani taji la nchi kubwa kuliko zote za jirani. Bila shaka hakutawala mwenyewe. Waliotawala kwa jina lake walikuwa watu wazima, na wakubwa wao walikuwa wawili: mzee wa baraza aliyeitwa Ay, na jemadari wa majeshi aliyeitwa Horemheb.

Nchi aliyoirithi ilikuwa na fujo. Mfalme Akhenaten, ambaye wataalamu wengi humtaja kuwa ndiye baba yake, alikuwa ameiacha miungu ya zamani na kumtukuza mungu mmoja tu, Aten, yaani jua. Alihamisha makao ya serikali akajenga mji mpya jangwani, na makuhani wa mungu Amun wakapoteza mali na heshima. Chini ya mtoto huyu mambo yote yalirudishwa kama zamani. Hata jina lake lilibadilishwa. Kwanza aliitwa Tutankhaten, kwa jina la mungu wa Akhenaten. Sasa akaitwa Tutankhamun, kwa jina la mungu wa makuhani. Sidhani kama mtoto wa miaka 10 aliulizwa shauri.

Alipofika miaka 18 au 19, umri ambao mtu huanza kutoa amri zake mwenyewe, akafa. Hapo ndipo mnong'ono unapoanzia.

Hapana maandishi yaliyopatikana yasemayo alikufa kwa sababu gani. Hakuacha mtoto. Mabinti wawili wachanga, ambao huaminiwa kuwa ni wake, walikufa kabla ya kuona dunia, na miili yao midogo iliwekwa kaburini pamoja naye. Kaburi lenyewe ni dogo kwa mfalme, na katika kuta zake zilizochorwa kuna madoa ya kuvu, kana kwamba lilifungwa rangi haijakauka vizuri. Na aliyetawala baada yake ni nani? Ni yule mzee Ay. Katika ukuta mmoja wa kaburi Ay amechorwa akiwa amevaa ngozi ya chui, akimfanyia marehemu ibada ambayo kwa desturi hufanywa na mrithi.

Tena iko habari ya barua. Nchini Uturuki, mahali palipokuwa mji mkuu wa watu waitwao Wahiti, zilichimbuliwa mbao za udongo zenye maandishi. Yameandikwa humo kwamba malkia wa Misri, aliyefiwa na mumewe, alimwandikia mfalme wa Wahiti kumwomba mmoja wa wanawe amwoe. Alisema kwamba hana mtoto wa kiume, na kwamba hataki kuolewa na mtumishi wake. Mfalme yule alistaajabu sana, akatuma mjumbe kwanza kuhakikisha, kisha akamtuma mwanawe Zannanza. Kijana huyo hakufika kuwa mfalme. Alikufa, na baba yake aliwalaumu Wamisri. Wataalamu wengi husema malkia huyo alikuwa Ankhesenamun, mjane wa Tutankhamun. Wengine humtaja malkia mwingine wa zama zile zile.

Mnaona jinsi kesi inavyojijenga yenyewe. Mfalme kijana amekufa, mjane ana hofu, mgeni amekufa, na mzee amekaa juu ya kiti. Lakini mpaka hapa hatujautazama mwili.

Mwili ulionekana kwa taabu. Kaburi liko katika bonde kavu karibu na mji wa Luxor, ambako wafalme wengi wa kale walizikwa, na mengi ya makaburi yale yaliibiwa zamani. La Tutankhamun lilifunikwa na kifusi, likasahauliwa. Tarehe 4 Novemba 1922 wafanyakazi wa Mwingereza Howard Carter walifukua kidato cha kwanza cha ngazi iliyoshuka chini. Ndani walikuta vitu zaidi ya 5,000, na kazi ya kuvitoa ilichukua miaka 10 hivi. Jeneza la ndani kabisa ni la dhahabu tupu, uzito wake kilo 110. Ni zaidi ya mifuko miwili ya saruji.

Bwana aliyetoa fedha za kazi hiyo, Lord Carnarvon, alikufa Cairo mwezi wa Aprili 1923. Magazeti yakapiga kelele kwamba ni laana ya Firauni. Kweli ilikuwa hii: aliumwa na mbu shavuni, akajikata hapo kwa wembe akinyoa, kidonda kikaingia sumu. Carter, ambaye ndiye aliyemgusa mfalme kuliko watu wote, aliishi mpaka mwaka 1939. Tuyaache hayo ya laana. Lakini mbu mkumbukeni, maana atarudi.

Mwezi wa Novemba 1925 waganga wawili, Douglas Derry na Saleh Bey Hamdi, waliufungua mwili. Watu wa kale walikuwa wamemwaga mafuta na utomvu mwingi mle jenezani, ukaganda ukawa mgumu, mwili ukashikamana na dhahabu. Basi waliutoa kwa visu vilivyotiwa moto. Wakakata mikono, miguu, hata kichwa. Siwezi kuwasifu kwa hilo. Ni kama mpelelezi aliyefika mahali pa kifo akaanza kwa kulima na jembe.

Mwaka 1968 bingwa mmoja wa Chuo Kikuu cha Liverpool, R. G. Harrison, alipeleka mashine ya eksirei kaburini, akapiga picha. Ndani ya fuvu la kichwa kulionekana vipande vidogo vya mfupa, na kisogoni palikuwa na kivuli. Akasema kwamba huenda mfalme alipigwa kichwani. Alisema "huenda". Neno hilo ni dogo, nalo huanguka njiani upesi. Vitabu vikaandikwa, na Ay akatajwa wazi kuwa mwuaji. Mimi mwenyewe nilipokuwa shule nilisoma kitabu kimoja cha zamani, kilichokwisha toka jalada, kilichosema kwamba mfalme alipigwa rungu akiwa amelala. Niliamini kila neno, nikamsimulia ndugu yangu usiku, naye akaogopa kuzima taa.

Mwezi wa Januari 1905? La, msinisikie vibaya: ni Januari 2005. Mwaka huo Wamisri, wakiongozwa na Zahi Hawass, waliutoa mwili nje ya kaburi wakautia katika mashine mpya. Mashine hiyo hupiga picha za mwili kipande baada ya kipande, kama mtu akatavyo mkate, kisha huziunga zote pamoja. Walipata picha 1,700 hivi. Hapo ndipo rungu la yule mzee lilipovunjika.

Sikilizeni sababu yenyewe, maana ni nzuri. Wale waliokausha maiti walimimina utomvu wa moto ndani ya fuvu, ukaganda humo. Kama mfalme angalivunjwa kichwa kabla ya kufa, vile vipande vya mfupa vingalinaswa na utomvu ule, kama sisimizi anaswavyo katika asali. Lakini havikunaswa, vilikuwa vimelegea tu. Kwa hiyo mfupa ulivunjika baada ya utomvu kuganda, yaani mfalme alikuwa amekufa siku nyingi. Pengine ulivunjwa na visu vya mwaka 1925. Watu walikuwa wamemhukumu mzee kwa kidonda kilichofanywa na wachunguzi.

Picha zile zile zilionyesha jambo jingine. Mfupa wa paja la kushoto ulikuwa umevunjika karibu na goti, wala haukuwa na dalili ya kuunga. Wachunguzi wakagawanyika. Baadhi walisema mfalme alivunjika siku chache kabla ya kufa, kwa kuwa dawa za kukaushia maiti ziliingia katika jeraha. Wengine walisema huenda hilo nalo ni kazi ya watu wa Carter.

Mwaka 2010 yakatolewa matokeo ya kupima vinasaba, zile alama za ukoo ambazo kila mtu huzirithi mwilini mwake. Ilionekana kwamba baba na mama wa mfalme walikuwa ndugu wa damu. Wachunguzi walisema pia kwamba mguu wake wa kushoto ulikuwa na kasoro, na mifupa ya wayo ilikuwa imeanza kufa. Kaburini mlikuwa na fimbo na bakora 130 hivi, na baadhi zilionyesha kuwa zimetumika. Kumbe yule mfalme anayechorwa akirusha mishale juu ya gari la farasi, pengine alitembea kwa mkongojo.

Tena wakakuta alama za malaria. Si malaria hafifu, bali ile kali ambayo mpaka leo huwaua watoto katika nchi zetu. Wakasema: mwili dhaifu, mguu uliovunjika, na homa juu yake; hayo yalitosha kumwua.

Je, kesi imekwisha? Haikwisha. Waganga wengine walijibu kwamba alama za malaria zilipatikana pia katika maiti nyingine za ukoo huo. Mtu mzima aliyekulia penye mbu wengi anaweza kuwa na vijidudu hivyo katika damu na bado akaenda shambani. Ninyi mnaokaa kando ya ziwa au pwani mngaliweza kuwaambia hayo bila mashine. Waganga wa mji wa Hamburg, Ujerumani, walidhani kwamba ile mifupa iliyokufa ilitokana na selimundu, ugonjwa wa damu urithiwao, ambao baadhi yenu mnao katika jamaa zenu.

Kwa maoni yangu, Ay aachiliwe kwa kukosa ushahidi. Alipata faida, ndiyo. Lakini mfalme akifa bila mtoto lazima mtu fulani akae kitini, na kupata faida si kuua. Hata hivyo ile barua ya mjane hunisumbua kidogo. Mwanamke hamwandikii adui wa nchi yake ombi kama lile bila sababu.

Mfalme mwenyewe bado yumo kaburini mwake karibu na Luxor, katika sanduku la kioo tangu mwaka 2007.

Sasa ni zamu yenu. Mwalimu wa darasa awagawe mafungu mawili: fungu moja limshitaki Ay, fungu la pili limtetee. Kabla ya kusema, kila mtu aandike sentensi tatu katika daftari lake, na mbele ya kila sentensi aweke neno moja kati ya haya mawili: "twajua" au "twadhani". Mwalimu azisome kwa sauti, na anayeona neno limewekwa mahali pasipo pake ainue mkono.