Vanessa Halikuanzia kwa Kipepeo

Msikilizaji, ukitafuta maana ya jina Vanessa kwenye intaneti, orodha nyingi zitakuambia ni la Kigiriki na maana yake ni kipepeo. Si kweli. Jina hilo alilitunga Jonathan Swift, mwandishi wa Ireland, kwa ajili ya rafiki yake Esther Vanhomrigh. Alichukua Van ya jina la ukoo, akaongeza Essa, kifupisho cha Esther. Shairi la Swift lenye jina hilo lilichapishwa mwaka 1726. Vipepeo walifuata baadaye: mwaka 1807 Fabricius, mtaalamu wa wadudu kutoka Denmark, aliwapa baadhi yao jina la Vanessa. Orodha zimegeuza mambo miguu juu kichwa chini, kisha zikanakiliana.

Kwa hiyo, mzazi, kabla hujakwenda kuandikisha cheti cha kuzaliwa, uliza. Ukiambiwa jina ni la Kiarabu, mtafute anayekijua Kiarabu. La Kihaya au Kikamba, waulize wazee wanaokizungumza. Fungua na kamusi. Orodha isiyotaja hata neno lililozaa jina hilo, usiitegemee.

Na kama binti yako tayari anaitwa Vanessa, usimbadilishie. Ni jina zuri, na akiuliza lilikotoka, msimulie habari za Esther.