Maneno ya Viwanjani

Leo twapenda kuzungumza nanyi habari za michezo. Si habari za nani ameshinda, bali za maneno yanayotumika uwanjani. Maana mara nyingi twaona watu wakigombana, na chanzo cha ugomvi si mpira wala mwamuzi, ila ni neno moja tu.

Tulitwae neno ofisaidi. Katika mpira wa miguu neno hili huitwa kwa Kiswahili kuotea, na jina hilo lafaa sana. Mwindaji humwotea mnyama, yaani humngoja penye njia yake. Vivyo hivyo mchezaji akitangulia upande wa adui, akawa karibu na mstari wa goli kuliko mpira na kuliko adui wa pili kutoka mwisho, kisha mwenzake akampigia mpira naye akaucheza, amevunja sheria.

Sasa twendeni kwenye mpira wa pete. Huko wachezaji ni 7 kila upande, uwanja umegawanywa sehemu 3, na kila mmoja ana herufi kifuani zionyeshazo mahali aruhusiwapo kufika. Mwenye herufi C, mathalani, hupita katika sehemu zote 3, walakini haruhusiwi kuingia katika nusu duara iliyo mbele ya goli. Akiingia, hata bila mpira, hiyo ni ofisaidi. Hapo hakuna kuotea. Ni sawa na kulima shamba la mwenzio.

Tuseme wasichana wa Biharamulo wamekwenda Ngara kucheza mpira wa pete. Mwamuzi apiga filimbi, asema, “Ofisaidi.” Mzee mmoja, aliyecheza mpira wa miguu ujanani mwake, apaza sauti: “Si kweli! Mbona walinzi wawili wangali mbele yake?” Vijana wamfuata kwa kelele. Yule binti, aliyelijua kosa lake, sasa adhani ameonewa. Mzee hakusema uongo. Alisema sheria ya uwanja mwingine. Lakini heshima ya mwamuzi imekwisha potea, na mchezo umeharibika.

Maneno ya namna hii ni mengi. Mpira wa miguu ukiingia wavuni, mfungaji hushangiliwa. Katika mpira wa wavu, wachezaji wakiugusa mara 3 nao ukanasa wavuni bila kuvuka, adui hupata pointi. Tena, katika bao la mashimo 32 na kete 64, ukifungwa bao mchezo umekwisha, na kete hupangwa upya. Katika mpira wa miguu, bao ni hesabu tu. Mchezo huendelea mpaka dakika 90 zitimie.

Basi tufanyeje? Neno geni likitamkwa, tuulize mambo matatu: Ni la mchezo gani? Lahusu mahali, tendo au hesabu? Adhabu yake ni nini? Nanyi waalimu, wafundisheni watoto maneno haya kabla ya siku ya mashindano, kwa kuwa waendao UMITASHUMTA na UMISSETA hukuta michezo mingi pamoja. Na ninyi wazee wetu, msione haya kumwuliza mtoto wa shule. Kuuliza si ujinga. Ujinga ni kumtukana mwamuzi kwa sheria isiyo ya mchezo wake.