Bei ya Nyumba na Bei ya Deni



Tumewaona vijana wetu wakirudi kutoka Thika na Ruiru na karatasi za rehani, nao husifu jambo moja tu: kwamba malipo ya mwezi yanawezekana. Basi na tuzihesabu fedha hizo. Mtu akikopa shilingi 3,000,000 kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, alipe kwa miaka 20, atatoa kiasi cha 37,300 kila mwezi. Katika malipo ya kwanza, 35,000 ni riba. Deni lenyewe hupungua kwa 2,300 tu. Akiisha kulipa miaka 10 atakuwa ametoa karibu 4,477,000, na bado adaiwa 2,400,000! Hata kumaliza, ni karibu 8,953,000, mbali na wakili, mthamini na bima, na iwapo riba haikupandishwa.

Deni lilo hilo likilipwa kwa miaka 10, malipo ya mwezi ni kama 46,600, na jumla yake haifiki 5,600,000. Mwenye maziwa ya kuuza na atazame hizo 9,300 za ziada.

Tena, Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 haikubali nyumba ya ndoa iwekwe rehani pasipo idhini ya mke au mume. Kwa hiyo twawaomba akina mama wasitie sahihi kabla ya kuonyeshwa jumla ya miaka yote. Asiyeweza hesabu hiyo na amwendee mwandishi wa chama.