Mapenzi ya Mfalme na Tuhuma za Ujasusi

(Hotuba iliyotolewa mbele ya wanafunzi wa zamani na wa sasa, siku ya mkutano wetu wa mwaka)



Nimeombwa niseme machache juu ya historia, somo nililolifundisha miaka mingi. Nimechagua kisa cha Edward wa Nane wa Uingereza, yule aliyekuja kuwinda huku kwetu Afrika Mashariki mwaka 1928, akiwa bado mrithi wa kiti. Desemba 1936 aliacha ufalme ili amwoe Wallis Simpson, Mmarekani ambaye ndoa zake mbili zilikuwa zimevunjika.

Oktoba 1937, miezi michache baada ya harusi, walizuru Ujerumani wakapokewa na Hitler. Minong'ono ikazidi: bibi yule ni jasusi! Hata FBI wa Marekani walikusanya taarifa zao.

Julai 1940, Ufaransa imekwisha anguka, wawili hao walikuwa Ureno. Ribbentrop, waziri wa nchi za nje wa Ujerumani, alimtuma ofisa wa ujasusi, Walter Schellenberg, awarudishe Hispania kwa hila au kwa nguvu. Hakufaulu. Tarehe 1 Agosti walipanda meli kwenda Bahamas, alikoteuliwa kuwa gavana.

Mwaka 1945 majalada ya Wajerumani yalikamatwa. Churchill alijitahidi yasitangazwe, lakini yalitoka mwaka 1957. Humo balozi wao wa Lisbon aliandika kuwa Edward aliamini vita vingeepukika kama angebaki mfalme.

Sasa sikilizeni, vijana. Wahenga walisema: lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Kwa mwanahistoria hilo halitoshi. Ziara ya 1937 ni tendo. Lina picha na mashahidi, wala hakuna wa kulikana. Taarifa ya balozi ni jambo jingine: huenda aliyasikia kwa wengine, naye huandika akijua bwana wake apenda kusikia nini. Na juhudi za kuficha majalada hazikuzima shaka, zilizidi kuichochea. Hata leo hakuna hati iliyothibitisha kwamba Wallis alikuwa jasusi.

Edward alifariki 1972, Wallis 1986, tuhuma zikiwafuata hadi kaburini. Basi mkiletewa habari ya mtu, ulizeni: nani aliona, nani alisimuliwa, nani alifaidika kuiandika? Jina la mtu msilichafue kwa uvumi, wala msilisafishe kwa huruma.