Mwalimu Aliyekubali Kuacha

(Mazungumzo mbele ya walimu na watumishi wa umma, Marui, Wilaya ya Kisarawe)



Nimeombwa nizungumze juu ya mwalimu anayeweka chaki chini na kwenda bungeni. Mwalimu mwenzetu akichaguliwa, watu husema, “Amepata.” Ni wachache wanaouliza ameacha nini. Swali hilo la pili ndilo ninalotaka tulitazame leo.

Mfano hauko mbali. Atokaye Dar es Salaam kuja Kisarawe hupitia Pugu. Hapo Pugu, katika Shule ya Mtakatifu Fransis, ndipo alipofundisha Julius Nyerere baada ya kurudi kutoka Chuo Kikuu cha Edinburgh mwaka 1952. Alikuwa bado mwalimu wa Pugu alipochaguliwa kuongoza TAA mwaka 1953, na TANU ilipozaliwa tarehe 7 Julai 1954.

Machi 1955 alikwenda New York kusema mbele ya Baraza la Udhamini la Umoja wa Mataifa. Aliporudi alitakiwa achague: shule au siasa. Akajiuzulu ualimu. Ndugu zangu, tusiupime uamuzi huo kwa macho ya leo. Alikuwa na mke na watoto wadogo, na chama kilikuwa hakina fedha. Serikali ya kikoloni ilikuwa imewakataza watumishi wake kujiingiza katika siasa, na wasomi wengi walinyamaza wakilinda riziki zao. Tusiwabeze, nao walikuwa na wazazi wa kuwatunza. Yeye alirudi kijijini Butiama, na kwa muda akawa anamfundisha padre mmoja Kizanaki ili apate chochote.

Mwaka 1957 Gavana alimteua kuingia Baraza la Kutunga Sheria. Mapendekezo yake yalikataliwa, na mwezi Desemba mwaka huo huo akakiacha kiti. Kwa maoni yake, kuendelea kukikalia kungekuwa ni kuwadanganya wananchi kwamba wanasikilizwa.

Januari 1958 ulifanyika mkutano wa TANU Tabora. Sheria ya uchaguzi ilimtaka kila mpiga kura achague Mwafrika, Mwasia na Mzungu. Wajumbe wengi walitaka kususia, na hasira yao ilikuwa ya haki. Nyerere alisimama akaeleza kwa nini kususia kungewaachia wengine Baraza lote. Mkutano ukakubali. Zuberi Mtemvu hakukubali, akatoka na kuanzisha chama chake. Huo ndio ualimu: kumweleza mtu jambo asilolipenda mpaka alielewe, bila kumdanganya. Mwaka huo huo Nyerere aliomba kura katika Jimbo la Mashariki, ambalo Kisarawe yetu ilikuwa ndani yake, akashinda.

Hata baada ya ushindi mkubwa alijua kuacha. Januari 1962, wiki chache tu baada ya Uhuru, alijiuzulu Uwaziri Mkuu, akamwachia Rashidi Kawawa, akaenda kukijenga chama. Alirudi Desemba mwaka huo akiwa Rais wa Jamhuri. Mwaka 1966, wanafunzi wa chuo kikuu walipoyapinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa, alipunguza mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20, pamoja na ya mawaziri. Mwaka 1967 Azimio la Arusha likamkataza kiongozi kuwa na mishahara miwili au nyumba ya kupangisha.

Masharti hayo yalilegezwa mwaka 1991. Lakini swali lililoyazaa bado lipo: je, kiongozi anatumikia cheo, au cheo kinamtumikia?

Sisemi hakukosea. Mwaka 1977 aliandika tathmini ya miaka kumi ya Azimio, akayataja mapungufu waziwazi. Baadaye alikiri kwamba kuvunja serikali za mitaa na vyama vya ushirika lilikuwa kosa. Hapo tena tunamwona mwalimu, anayesahihisha hata daftari lake mwenyewe.

Basi, ndugu walimu, kuomba kura si dhambi. Bunge linamhitaji mtu aliyezoea kueleza jambo gumu kwa maneno mepesi. Lakini anayeichukua fomu kwa kuukimbia umaskini wa ualimu ataukimbia na umaskini wa waliomchagua. Kabla ya kuuliza utapata nini, jiulize uko tayari kuacha nini. Na ukishachaguliwa, wewe uliyezoea kusahihisha madaftari ya wengine, kubali lako lisahihishwe na wananchi.