Binti Mtu Mzima, Lalamiko la Kutorosha na Nafasi ya Kadhi

Mada hii inahusu lalamiko linalofika kwa sheha, kisha kwenye dawati la jinsia na watoto la polisi, likiwa na jina zito kuliko kilichomo ndani yake: "katoroshwa." Anayesemwa katoroshwa ana miaka ishirini na kitu, keshamaliza skuli, na mwenyewe anasema kaondoka kwa hiari yake ili aolewe. Hoja yangu ni kwamba hapa Micheweni, kama kwengine Zanzibar, ugomvi wa namna hii ni wa walii na binti yake, na wa kuusikiliza ni kadhi. Kuupeleka polisi kunamdhulumu binti, na kunawapunja hata watoto ambao kosa la kutorosha liliwekwa kwa ajili yao.

Makosa ya kumchukua mwanamke katika sheria za jinai za Afrika Mashariki yana asili ya Kiingereza, na ndani yake mna misingi miwili isiyofanana. Wa kwanza ni utashi wa mwanamke: kumchukua mwanamke wa umri wowote bila ridhaa yake ili aolewe ni kosa. Wa pili ni ulezi wa mzazi. Sheria ya Uingereza ya 1861 ilimwadhibu mwanamume aliyemtoa msichana asiyeolewa, wa chini ya miaka 16, mikononi mwa baba yake, na katika kesi ya Prince ya 1875 hata imani ya mshtakiwa kwamba binti ana miaka 18 haikumwokoa. Katika kosa hili la pili ridhaa ya msichana haihesabiwi, na ni haki isihesabiwe, kwa kuwa ni mtoto. Tatizo linaanza pale mantiki ya ulezi inapopandishwa hadi kwa mtu mzima, neno lake likawa halina uzito mbele ya neno la baba. Sheria ya Mtoto ya Zanzibar, Na. 6 ya 2011, inamhesabu mtoto kuwa ni aliye chini ya miaka 18. Basi karatasi ya kwanza kuulizwa kwenye dawati iwe cheti cha kuzaliwa, kabla ya kijana yeyote kuwekwa ndani.

Nitajibiwa, na jibu hili lina nguvu Pemba, kwamba sisi ni Mashafii na nikaha haiswihi bila walii. Kwa hiyo waliokwenda zao bila walii hawakuoana. Nalikubali sharti la walii. Lakini kuswihi kwa nikaha si swali la polisi, ni swali la kadhi, na fikihi hiyo hiyo haikumwachia walii kauli isiyo na mwisho. Aya ya 232 ya Suratul Baqara inawakataza wanaowazuia wanawake kurejeana na waume zao wakiridhiana kwa wema, na mapokezi ya Bukhari yanaihusisha na Maaqil bin Yasar, aliyekataa kumrudisha dada yake kwa mume aliyemwacha. Walii akizuia bila sababu ya kisheria, kadhi husimama mahali pake. Husimama pia walii akiwa mbali kwa masafa ya kukasiri sala, na kutoka Micheweni hadi Unguja mjini masafa hayo yanatimia bila ya ubishi. Anayeitetea dini kwa kukimbilia kituoni anauruka mlango ambao dini yenyewe imeufungua.

Pingamizi la pili ni gumu zaidi: mzazi akinyamazishwa, nani atamkinga binti na laghai? Zanzibar ina sababu ya kuliogopa jambo hili. Mnamo Septemba 1970 wasichana wanne wenye asili ya Kiajemi waliozwa kwa nguvu kwa wakubwa wa Baraza la Mapinduzi, na jamaa zao wa kiume waliopinga wakatiwa mbaroni. Hapo mzazi alikuwa ngome. Ila kilichovunjwa mwaka ule kilikuwa ridhaa ya wasichana wenyewe, na ridhaa hiyo hiyo ndiyo inayovunjwa leo binti mtu mzima anaporudishwa nyumbani ndani ya gari la polisi. Mzazi hanyamazishwi, anaelekezwa kwa kadhi, akaeleze kama mposaji si kufu wa binti, ameficha mke au ana tabia mbovu.

Kuna na muhali, yaani kuoneana haya hata kesi ikamalizwa nje ya sheria, ambao sote tunaulalamikia katika kesi za udhalilishaji. Lalamiko la kutorosha likifutwa siku posa inapokubaliwa na mahari kutajwa, basi tangu mwanzo lilikuwa fimbo ya kujadiliana. Kila faili la namna hiyo linamzoesha askari, sheha na jirani kuamini kwamba kesi ya kutorosha humalizwa barazani, na siku analetwa mtoto wa miaka 14 wanatarajia lalamiko lake nalo limalizwe vivyo hivyo. Kwa hiyo ninapendekeza maelezo ya binti yachukuliwe kwanza, akiwa peke yake, baba nje na mwanamume nje, na askari wa kike mbele yake. Akisema alilazimishwa, hiyo ni jinai kamili hata awe na miaka 40. Akisema alikwenda mwenyewe na cheti kinaonesha ni mtu mzima, aandikiwe kwenda kwa kadhi yeye na walii wake, na kijana aachiwe siku hiyo hiyo.